Sura ya Nne: Floraidi Hutunza Meno au Huyaharibu?

Wazazi wanaohamia Arusha au Nakuru wakitokea pwani huuliza swali hili kila mara. Dukani wanauziwa dawa ya meno iliyoandikwa kwa herufi kubwa kwamba ina floraidi, na muuzaji anaisifia hapo hapo. Wakifika nyumbani jirani anawaonya: maji ya huku yana floraidi, yatawaharibia watoto meno. Na ushahidi wa jirani hauhitaji darubini. Watu wengi waliokulia kwenye miteremko ya Mlima Meru wana meno yenye mistari ya kahawia, na wengine ncha za meno yao zimemomonyoka. Mzazi amsikilize nani, mwenye duka au jirani?

Wote wawili wanasema kweli. Ila kuelewa inawezekanaje, itabidi tuijue familia nzima ambamo floraidi imetoka, kwa sababu ndugu zake wako jikoni kwako sasa hivi: mmoja yumo kwenye chumvi na kwenye dawa ya kutibu maji, mwingine ni yule anayeandikwa kwenye pakiti ya chumvi kwa jina la madini joto.

Elementi na alama zake

Elementi ni kitu ambacho huwezi kukitenganisha kwa njia za kikemia ukapata kitu kingine kilicho sahili zaidi. Dhahabu uiyeyushe, uisage, uigonge iwe nyembamba kama karatasi, itabaki dhahabu. Maji si elementi, kwa sababu ukipitisha umeme ndani yake utapata gesi mbili, haidrojeni na oksijeni. Chembe ndogo kabisa ya elementi huitwa atomu. Katikati ya kila atomu kuna chembe ziitwazo protoni, na idadi ya protoni ndiyo inayoipa elementi utambulisho wake. Yenye protoni 9 ni florini, yenye 17 ni klorini, yenye 26 ni chuma, yenye 79 ni dhahabu. Mpaka sasa elementi zinazotambuliwa ni 118. Atomu za elementi mbili au zaidi zikiungana, kinachopatikana huitwa kampaundi. Chumvi ya mezani ni kampaundi ya sodiamu na klorini.

Kila elementi ina alama ya herufi moja au mbili inayotumika dunia nzima, awe mwanafunzi wa Mombasa au mkemia wa Tokyo. Herufi ya kwanza ni kubwa, ya pili ni ndogo, na sheria hii si ya kuchezea. Co ni kobalti, metali inayochimbwa Kolwezi huko Kongo na kutumika katika betri za simu. CO, herufi zote kubwa, ni kampaundi ya kaboni na oksijeni, ile gesi isiyo na harufu inayotoka kwenye jiko la mkaa na kuua watu waliolala chumbani wakiwa wamefunga madirisha. Alama nyingine hazifanani na majina tuliyoyazoea kwa sababu zimetokana na Kilatini: sodiamu ni Na, chuma ni Fe, dhahabu ni Au.

Mwaka 1869 mkemia wa Urusi, Dmitri Mendeleev, alizipanga elementi zilizojulikana wakati huo katika jedwali ambalo zile zenye tabia zinazofanana zinakaa pamoja. Katika jedwali tunalotumia leo, safu ya pili kutoka kulia, inayosimama wima, ni ya familia iitwayo halojeni. Wanafamilia wanne wa kujua ni hawa:

- Florini (F), protoni 9: gesi ya manjano hafifu.
- Klorini (Cl), protoni 17: gesi ya manjano inayoelekea kijani.
- Bromini (Br), protoni 35: kimiminiko chekundu kinachoelekea kahawia.
- Iodini (I), protoni 53: vipande vyeusi vinavyong'aa, vikipashwa moto hutoa mvuke wa zambarau.

Kinachowafanya ndugu ni elektroni, chembe ndogo zinazozunguka katikati ya atomu kwa tabaka. Tabaka la nje la halojeni lina elektroni saba, na atomu hutulia tabaka hilo likiwa na nane. Ni kama trei ya mayai iliyobakisha tundu moja tu: chochote kitakachopita karibu kikiwa na yai la ziada, kitanyang'anywa. Florini ndiyo yenye pupa kuliko zote. Ukishuka chini ya safu, kwenda klorini, bromini hadi iodini, pupa hiyo hupungua.

Atomu ya halojeni ikishapata elektroni yake, tabia hubadilika kabisa. Haishambulii tena. Katika hali hiyo huitwa ayoni, na jina nalo hubadilika: florini inakuwa floraidi, klorini inakuwa kloraidi. Tofauti hii ndogo ya jina inabeba uhai na kifo. Florini halisi ni gesi ya kuunguza mapafu, na haimo katika dawa ya meno wala katika kisima cha mtu yeyote. Iliwashinda wakemia kwa miongo mingi. Baadhi yao waliumia na wengine walikufa wakijaribu kuitenga, hadi Mfaransa Henri Moissan alipofaulu mwaka 1886. Kazi hiyo ilimpa Tuzo ya Nobel mwaka 1906.

Kwa kifupi: Ukisikia jina la elementi, uliza mambo mawili. Iko katika hali gani, na ni kiasi gani? Bila majibu hayo, huwezi kusema kama ni sumu au ni dawa.

Meno ya kahawia yalivyotupa dawa ya meno

Mwaka 1901 daktari wa meno kijana, Frederick McKay, alianza kazi katika mji wa Colorado Springs, Marekani. Alishangaa kukuta wakazi wengi waliozaliwa pale wana madoa ya kahawia kwenye meno. Alilifuatilia jambo hilo kwa miaka mingi, na akagundua vitu viwili. Waliohamia mjini wakiwa watu wazima hawakupata madoa. Na meno yale yenye madoa, yasiyopendeza kutazama, hayakuoza kirahisi.

McKay alishuku maji, lakini vipimo vya siku zile havikuonyesha kitu. Jibu lilipatikana mwaka 1931, pale mkemia H. V. Churchill wa kampuni ya aluminiamu ya ALCOA alipopima maji ya mji wa Bauxite, Arkansas, ambako watoto nao walikuwa na madoa, akakuta floraidi nyingi. Uchunguzi uliofuata ulionyesha kwamba kwenye miligramu 1 hivi kwa lita, meno hupata kinga dhidi ya kuoza na madoa huwa machache na hafifu. Januari 1945, Grand Rapids katika jimbo la Michigan ukawa mji wa kwanza duniani kuongeza floraidi kwa makusudi katika maji ya bomba. Dawa za meno zenye floraidi zilienea madukani kuanzia miaka ya 1950.

Kwa hiyo dawa ya meno unayoinunua leo ni mtoto wa meno ya kahawia. Anayesifu dukani na anayeonya mtaani wanazungumzia kitu kimoja, kwa vipimo tofauti.

Kinachotokea ndani ya jino

Sehemu ya nje ya jino huitwa enameli, nayo ndiyo kitu kigumu kuliko vyote mwilini. Imejengwa kwa madini yenye kalsiamu na fosfati yaitwayo apatiti. Tukila sukari, bakteria wa mdomoni huigeuza kuwa asidi, na asidi huila apatiti kidogo kidogo. Floraidi kidogo iliyopakwa juu ya jino huingia katika apatiti na kuifanya iwe ngumu zaidi kuyeyushwa na asidi. Hiyo ndiyo kazi ya dawa ya meno, na ndiyo maana hutemwa: inafanya kazi juu ya jino, haihitaji kufika tumboni.

Floraidi inayonywewa kwa wingi hufanya jambo jingine. Husafiri katika damu hadi kwenye meno ambayo bado yanaundwa ndani ya taya, na kuvuruga seli zinazojenga enameli. Jino hutoka likiwa na mabaka meupe kama chaki na vitundu vidogo visivyoonekana kwa macho. Rangi ya kahawia huja baadaye, kwa kuwa vitundu hivyo hunywa rangi ya vyakula na vinywaji. Floraidi yenyewe haina rangi. Enameli ya meno mengi ya ukubwani huwa imekwisha kuundwa mtoto anapofikia umri wa miaka minane hivi, na hiyo ndiyo sababu wale wahamiaji wa McKay walisalimika.

Mifupa haina bahati hiyo. Hujengwa na kubomolewa maisha yote, na huendelea kukusanya floraidi. Kusini-magharibi mwa wilaya ya Hai, mkoani Kilimanjaro, madaktari wamewakuta watoto wenye matege yaliyotokana na maji wanayokunywa. Tukizungumzia floraidi kana kwamba ni suala la urembo wa tabasamu tu, tunawadhulumu watoto hao.

Tufanye hesabu. Dawa ya meno ya kawaida ina floraidi miligramu 1,450 hivi kwa kila kilo. Mtoto wa miaka mitatu hadi sita anapaswa kutumia kiasi cha punje ya njegere, yaani robo gramu hivi. Hata akiimeza yote, amemeza miligramu 0.36. Mtoto huyo huyo akinywa lita moja ya maji ya kisima chenye miligramu 5 kwa lita, amemeza miligramu 5, zaidi ya mara kumi. Na hapo hatujahesabu uji, chai na ugali, vyote vilivyopikwa kwa maji yale yale. Tena kuna magadi. Yale tunayotia kwenye makande na maharage ili yaive upesi hukusanywa kwenye maeneo ya volkano, na mara nyingi hubeba floraidi yake mwenyewe.

Kwa nini Arusha na Nakuru?

Floraidi ya huku ilitoka chini ya ardhi. Miamba na majivu ya volkano za Bonde la Ufa yana madini yenye florini kwa wingi, na maji yanayopita humo kwa miaka huiyeyusha polepole. Ndiyo maana tatizo hili linafuata bonde kutoka Ethiopia, kupitia Baringo, Nakuru na Naivasha nchini Kenya, hadi Arusha na Manyara. Limefika pia Singida na baadhi ya maeneo ya Shinyanga. Maziwa ya magadi, kama yale ya Momella yaliyo chini ya Mlima Meru, yana floraidi ya mamia ya miligramu kwa lita.

Shirika la Afya Duniani linapendekeza isizidi miligramu 1.5 kwa lita katika maji ya kunywa. Kwa miaka mingi Tanzania iliruhusu kiwango cha juu zaidi ya hicho, kwa sababu kukifuata kungemaanisha kufunga visima vya watu wasio na maji mengine. Ulikuwa uamuzi mgumu, na waliolipa gharama yake ni watoto.

Ubaya wa floraidi ni kwamba haina ladha, haina harufu, haina rangi. Kisima chenye maji meupe, baridi na matamu kinaweza kuwa na miligramu 8, na cha jirani kikawa na 1. Macho hayasaidii hapa. Yanayosaidia ni haya:

- Pima maji ya kisima katika maabara ya maji ya mkoa kabla ya kuanza kuyanywa. Gharama ya kipimo ni ndogo mno ukilinganisha na ya kuchimba.
- Usitegemee kuchemsha. Moto huua vijidudu tu. Maji yanapopungua sufuriani floraidi hubaki, hivyo hukolea zaidi.
- Vuna maji ya mvua. Hayajapita kwenye miamba, kwa hiyo karibu hayana floraidi. Kama tangi ni dogo, yatengwe kwa ajili ya kunywa na kupikia chakula cha watoto.
- Tumia chujio la mkaa wa mifupa pale linapopatikana.

Chujio hilo lastahili maelezo. Katika kituo cha utafiti cha Ngurdoto, nje ya jiji la Arusha, na katika mradi wa maji wa Kanisa Katoliki jimbo la Nakuru, wataalamu huchoma mifupa ya ng'ombe kwa hewa kidogo, kisha huivunjavunja iwe chembe na kupitisha maji humo. Mfupa nao umejengwa kwa apatiti, madini yale yale ya jino. Floraidi iliyokuwa inaelekea kwenye mifupa ya mtoto inanaswa na mifupa ya ng'ombe kabla ya kufika kikombeni. Kwangu mimi huu ni miongoni mwa ufumbuzi bora wa ukanda wetu, na inasikitisha kwamba bado uko katika nyumba chache. Una sharti moja: mkaa huo hujaa baada ya muda, ukabidi kubadilishwa. Chujio lililosahaulika halichuji kitu.

Kwa kifupi: Floraidi kidogo juu ya jino ni kinga. Floraidi nyingi ndani ya mwili wa mtoto ni madhara ya kudumu.

Klorini: adui wa vijidudu, na wa mapafu

Mswidi Carl Wilhelm Scheele aliipata klorini mwaka 1774, na Mwingereza Humphry Davy akathibitisha mwaka 1810 kwamba ni elementi. Tarehe 22 Aprili 1915, karibu na mji wa Ypres, Ubelgiji, jeshi la Ujerumani lilifungua maelfu ya mitungi ya gesi hiyo upepo ukielekea kwa adui, na askari waliivuta bila kinga. Hiyo ni klorini ikiwa huru.

Ikiungana na sodiamu, metali inayolipuka ikigusa maji, vitu viwili vya hatari vinazaa chumvi, ambayo bila hiyo moyo wako usingepiga. Klorini hiyo hiyo, ikiwa katika kampaundi tunazotia kwenye maji, huvunja kuta za bakteria wa kipindupindu na homa ya matumbo. Ukitia dawa ya maji, fuata kipimo cha kwenye chupa na usubiri dakika 30 kabla ya kunywa. Usipunguze muda kwa sababu maji yanaonekana safi. Wala usidhani klorini itaondoa floraidi, haiigusi.

Kuna onyo moja la nyumbani ambalo halirudiwi vya kutosha. Dawa ya maji ya kung'arishia nguo nyeupe ina klorini. Ukiichanganya na dawa ya kusafishia choo yenye asidi, gesi ya klorini huachiliwa papo hapo, chooni, mlango ukiwa umefungwa. Watu hufanya hivyo wakiamini kwamba dawa mbili zitasafisha kuliko moja. Tumia moja, suuza kwa maji mengi, na ufungue dirisha.

Bromini haituhusu sana jikoni. Antoine Balard wa Ufaransa aliitambua mwaka 1826 katika maji ya chumvi, na leo nyingi hupatikana kwenye maji ya Bahari ya Chumvi, ikatumika katika kemikali za kuzuia vitu kushika moto.

Iodini, au madini joto

Mwaka 1811 Bernard Courtois, Mfaransa aliyetengeneza malighafi ya baruti, alikuwa akishughulikia majivu ya mwani alipotia asidi nyingi kupita kiasi. Mvuke wa zambarau ulipanda, ukagusa ubaridi na kuwa fuwele nyeusi. Ilikuwa iodini. Wanafunzi huifahamu kama ile dawa ya rangi ya kahawia inayogeuka bluu iliyokolea hadi nyeusi ikidondoshewa kwenye muhogo au ugali, dalili kwamba kuna wanga.

Kazi yake mwilini iko shingoni. Hapo kuna tezi inayotengeneza homoni, yaani ujumbe wa kikemia unaosafiri katika damu, na homoni hizo huelekeza ukuaji na matumizi ya nguvu mwilini. Homoni kuu ya tezi hiyo ina atomu nne za iodini katika kila molekuli. Iodini ikikosekana, tezi hutanuka ikijitahidi kunasa kila chembe inayopita, na mtu huota rovu. Rovu laonekana. Lisiloonekana ni baya zaidi: mama mjamzito akikosa iodini ya kutosha, ubongo wa mtoto tumboni haukui inavyostahili, na hasara hiyo hairudishiki.

Iodini nyingi ya dunia imo baharini. Udongo wa milimani umeoshwa na mvua kwa maelfu ya miaka, hivyo mahindi na maharage ya Iringa, Mbeya au Rukwa hubeba iodini kidogo kuliko samaki wa Kilwa. Kwa hiyo rovu lilikuwa ugonjwa wa nyanda za juu. Katika kisiwa cha Idjwi kilichomo ndani ya Ziwa Kivu, Kongo, madaktari wa Kibelgiji waliona jambo la ajabu: iodini ilikuwa chache kote, lakini rovu lilizidi sana upande wa kaskazini. Chanzo kilikuwa muhogo usioandaliwa vizuri. Sumu yake, mwilini, hugeuka kuwa kitu kinachoizuia tezi kunasa hata ile iodini kidogo iliyopo. Kuloweka na kukausha muhogo, kama bibi zetu walivyosisitiza, hupunguza sumu hiyo.

Tiba ya jamii nzima ilikuwa rahisi. Tanzania ilianza kwa kugawa vidonge vya mafuta yenye iodini katika maeneo yaliyoathirika zaidi, kisha miaka ya 1990 ikaweka sheria kwamba chumvi ya kula lazima iongezwe madini joto. Mtu mzima anahitaji mikrogramu 150 kwa siku, yaani sehemu 150 za milioni moja ya gramu. Jumlisha mahitaji ya mtu huyo kwa miaka 70, hayafikii gramu 4. Sijui dawa nyingine inayolinda akili za watu wengi kwa gharama ndogo kama hii.

Hata hivyo, chumvi ya mawe isiyoongezwa kitu bado hupimwa kwa kopo katika masoko mengi, hasa karibu na mashamba ya chumvi, na huuzwa kwa bei ya chini. Madini joto pia hupotea kwenye chumvi inayoachwa wazi juani au kwenye unyevu. Iweke katika chombo chenye kifuniko, mbali na moto, na uitie kwenye mboga zikikaribia kuiva. Mama mjamzito anahitaji mikrogramu 250 kwa siku, zaidi ya mtu mzima wa kawaida. Kama yupo kwenu, soma pakiti ya chumvi leo. Usipoona maandishi ya madini joto, nunua nyingine.